MLIMA USIKILIZAO DUNIA
Hotuba juu ya elimu ya sauti na mitetemo



Mwanamke aendaye sokoni kununua chungu hakitazami kwa macho peke yake. Hukiinua kwa mkono mmoja, akakigonga kwa kifundo cha kidole, kisha akatega sikio. Chungu kizima hulia kwa sauti safi yenye mvumo. Chungu chenye ufa hulia kwa sauti ya kukwaruza, hata kama ufa wenyewe hauonekani. Mchonga mawe naye, katika machimbo ya upande wa Juja na Ndarugo, hulipiga jiwe kwa nyundo na kulisikiliza kabla ya kulikata. Si mama yule wala fundi yule aliyeingia darasani kufundishwa jambo hilo. Hata hivyo wote wawili hutumia kanuni moja kubwa, nayo ni hii: kitu kilichofichika ndani hujulikana kwa mtetemo wake.

Juu ya kanuni hiyo imejengwa elimu pana sana. Wako watu waliowaza juu ya chuo kikuu ambacho kazi yake yote ingekuwa kuchunguza sauti na mitetemo: chuo chenye darasa la ardhi, darasa la hewa, darasa la wanyama, na darasa la sikio la mwanadamu. Chuo cha namna hiyo, chenye lango lake na kibao chake, ni cha kufikirika tu. Lakini madarasa yake si ya kufikirika. Yapo, yametawanyika huku na huku katika Afrika ya Mashariki, na mojawapo lililo kubwa liko karibu sana na watu wa Kimbo, Ruiru na Thika. Wengi wao huliona kila siku pasipo kulijua.

MLIMA ULIO MBELE YA MACHO

Asubuhi isiyo na ukungu, mtu atazamaye mashariki kutoka nyanda za Ruiru na Thika huona mlima umesimama peke yake juu ya tambarare. Kwa lugha ya Kimasai waitwa Ol Donyo Sabuk, yaani mlima mkubwa. Na watu wengi huuita Kilimambogo, kwa ajili ya mbogo wakaao katika msitu wake. Kilele chake kina urefu wa mita 2,145 kutoka usawa wa bahari, na tangu mwaka 1967 mlima huo ni hifadhi ya taifa.

Wageni huenda huko kutazama mbogo na kuona nchi iliyo chini. Wachache tu wajuao kwamba mlimani huko kuna mlinzi asiyelala. Huyo ni mtambo wa kupimia mitetemeko ya ardhi. Katika orodha za wataalamu wa dunia nzima kituo hicho kinajulikana kwa herufi nne, KMBO. Mtu wa Kimbo azionaye herufi hizo kwa mara ya kwanza aweza kudhani kwamba mwandishi ameandika jina la mtaa wake akasahau herufi moja.

Kituo hicho kiliwekwa katika miaka ya 1990, nacho hutunzwa na Chuo Kikuu cha Nairobi kwa ushirikiano na wataalamu wa Ujerumani na Marekani. Kabla yake, tangu mwaka 1963, palikuwa na kituo katika mji wa Nairobi wenyewe. Lakini mji ulikua, na mji unapokua huwa na kishindo: malori hupita, treni hupita, viwanda hunguruma, na miguu ya watu maelfu hukanyaga. Mtambo wa namna hii wataka utulivu na mwamba mgumu chini yake, kama vile daktari atakavyo kimya wakati wa kusikiliza moyo wa mgonjwa.

Jinsi ufanyavyo kazi si jambo gumu kueleweka. Fikirini uzito ulioning'inizwa kwa springi ndani ya sanduku. Ardhi ikitikisika, sanduku hutikisika pamoja nayo, lakini ule uzito hukawia mahali pake kwa sababu ya uzito wake mwenyewe. Tofauti baina ya mwendo wa sanduku na mwendo wa uzito ndiyo inayopimwa na kuandikwa. Katika kituo kama hiki hupimwa mwendo wa namna tatu: wa juu na chini, wa kaskazini na kusini, na wa mashariki na magharibi. Mitambo ya siku hizi hupima kwa umeme, nayo hutambua mwendo mdogo kuliko unene wa unywele mara nyingi sana.

Ardhi inapovunjika mahali fulani, hutoa mawimbi ya namna mbili yapitayo ndani ya miamba. Wimbi la kwanza husukuma na kuvuta, kama sauti ifanyavyo katika hewa, nalo hukimbia upesi zaidi. Wimbi la pili huyumbisha ardhi ubavu kwa ubavu, nalo huja nyuma. Kwa tetemeko lisilo mbali sana, kila sekunde moja iliyopo baina ya wimbi la kwanza na la pili ni umbali wa karibu kilomita 8. Basi mawimbi yakipishana kwa sekunde 20, mtaalamu hujua kwamba ardhi imevunjika mahali palipo umbali wa kilomita 160 hivi. Vituo vitatu vikilinganisha hesabu zao, mahali penyewe hujulikana.

Hata mtoto wa shule ya msingi aweza kufanya hesabu ya aina hii wakati wa mvua. Akiona umeme, na aanze kuhesabu sekunde mpaka asikie ngurumo, kisha agawanye kwa 3. Jibu ni umbali wa radi kwa kilomita, kwa kuwa sauti huenda karibu mita 340 kwa sekunde moja katika hewa. Mwalimu aliyewafundisha wanafunzi wake jambo hili amekwisha fungua mlango wa chuo kile cha kufikirika, tena bila gharama hata ya senti moja.

SHAHIDI ASIYESEMA UWONGO

Kazi ya Kilimambogo haiishii kwenye matetemeko. Mnamo mwezi wa Septemba mwaka 1996 mataifa yalianza kutia sahihi mkataba wa kukataza majaribio yote ya mabomu ya nyukilia, nayo Kenya iliuidhinisha mnamo mwezi wa Novemba mwaka 2000. Ili mtu yeyote asije akalipua bomu kwa siri chini ya ardhi, mkataba huo umepanga vituo na maabara 337 duniani kote. Katika hivyo, vituo vikuu vya mitetemeko ya ardhi ni 50, na Kilimambogo ni kimojawapo. Habari zake hupelekwa mji wa Vienna, nchi ya Austria, na huko hulinganishwa na za vituo vingine.

Huenda mtu akauliza: je, mtaalamu hutofautishaje bomu na tetemeko? Jibu lake ni kwamba mlipuko husukuma miamba pande zote kwa mara moja, na kwa hiyo wimbi lake la kwanza huwa na nguvu sana, na la pili huwa hafifu. Tetemeko ni kuteleza kwa mwamba juu ya mwamba, nalo hutoa wimbi la pili lenye nguvu. Tarehe 3 Septemba 2017, Korea ya Kaskazini ilipolipua bomu chini ya mlima, zaidi ya vituo 100 vya mpango huo vilisaidia kulitambua. Mkataba wenyewe ulikuwa haujaanza kutumika kwa nguvu kamili ya sheria hata kufikia mwaka 2024, kwa kuwa baadhi ya mataifa ambayo idhini yao ni ya lazima yalikuwa hayajautimiza. Masikio lakini hayakungoja. Yalikwisha anza kazi.

Kenya yenyewe ilipata kuuona ushahidi wa namna hii kwa huzuni kubwa. Siku ya Ijumaa, tarehe 7 Agosti 1998, yapata saa nne na dakika arobaini za asubuhi, bomu lililokuwa ndani ya lori lililipuka karibu na ubalozi wa Marekani mjini Nairobi. Zaidi ya watu 200 walifariki, na maelfu wakajeruhiwa. Katika Chuo Kikuu cha Nairobi, umbali wa kilomita 3 hivi, palikuwa na mtambo wa kupimia mitetemeko, nao uliandika msiba huo. Kwanza ulifika mtetemo wa ardhini. Baadaye, baada ya sekunde kadhaa, ukafika mshindo wa hewani. Kwa kulinganisha mawimbi hayo mawili wataalamu walipata wakati wa mlipuko kwa usahihi wa sehemu za sekunde, na wakakadiria ukubwa wa bomu lenyewe.

Katika msiba huo mna somo ambalo kila nyumba yapaswa kulijua. Kabla ya mlipuko mkubwa ulisikika mlipuko mdogo. Watu waliokuwa maofisini, kama ilivyo desturi ya wanadamu, waliinuka na kukimbilia madirishani kutazama. Walikuwa wamesimama nyuma ya vioo mshindo mkuu ulipofika, na wengi wao waliumizwa vibaya, wengine wakapoteza macho. Mlipuko ukisikika, mtu asiende dirishani. Na ajitenge na kioo, ainame, na kujikinga nyuma ya ukuta au chini ya meza imara. Sauti ya kwanza mara nyingine ni mjumbe tu. Mwenye ujumbe angali njiani.

NYUMBA ZA ZAMANI NA NYUMBA ZA LEO

Watu wengi hudhani kwamba matetemeko ni mambo ya nchi za mbali. Dhana hiyo si sahihi. Bonde la Ufa ni mahali ambapo ardhi ya Afrika inapasuka polepole, kwa milimita chache tu kila mwaka. Tarehe 6 Januari 1928 ardhi ilivunjika huko Subukia kwa tetemeko la kipimo cha 6.9, na mpasuko wake ukaonekana juu ya nchi ukifuata mguu wa milima ya Laikipia. Mwezi wa Julai mwaka 2007 matetemeko yaliyotokea kaskazini mwa Tanzania, karibu na mlima Oldoinyo Lengai, yaliwafanya watu wa Nairobi kuyakimbia majengo yao. Tarehe 10 Septemba 2016 tetemeko la kipimo cha 5.9 liliua watu na kubomoa nyumba katika mkoa wa Kagera.

Mwaka 1928 watu wengi wa nchi ya Kenya walikaa katika nyumba za miti, udongo na nyasi. Nyumba ya namna hiyo huyumba, nayo ikianguka haimwui mtu kwa urahisi. Leo mtu apitaye njia ya Thika huona nyumba za ghorofa nne, tano na zaidi, zimesimama bega kwa bega. Ardhi ni ile ile. Kilichobadilika ni mzigo uliowekwa juu yake. Zaidi ya hayo, mahali pengi kutoka Ruiru mpaka Juja pana udongo mweusi, ule uvimbao wakati wa mvua na kupasuka wakati wa kiangazi. Wahandisi wanajua kwamba mtetemo ufikapo kutoka mwamba mgumu na kuingia udongo laini hupungua mwendo lakini huongezeka kimo, kama wimbi la bahari lifikapo ufukoni.

Tangu mwaka 1973 Kenya ina mwongozo wa ujenzi uhusuo matetemeko ya ardhi. Mwongozo ni karatasi. Nguvu yake yatoka kwa mwenye kiwanja atakayekubali kulipia nondo za kutosha, na fundi atakayekataa kuchanganya saruji kidogo na mchanga mwingi. Waliosema kwamba usipoziba ufa utajenga ukuta hawakuwa wahandisi, lakini walisema maneno ya kihandisi.

Kuhusu nyufa, liko jambo moja ambalo mwenye nyumba aliye karibu na machimbo ya mawe aweza kulifanya mwenyewe. Na apake tone la plasta juu ya ufa, lifunike pande zote mbili, kisha aandike tarehe kando yake. Plasta ikibaki nzima baada ya miezi, ufa umetulia. Plasta ikipasuka, nyumba inatembea, na hapo hapana budi kumwita mtaalamu. Mtu aendaye kushtaki juu ya baruti za machimbo akiwa na tarehe zilizoandikwa husikilizwa zaidi kuliko yule aliye na hasira tu.

SAUTI ZISIZOSIKIKA

Sikio la mwanadamu husikia mitetemo kuanzia 20 kwa sekunde mpaka 20,000 kwa sekunde. Chini ya hapo ziko sauti nzito ambazo hakuna mtu azisikiaye, nazo husafiri mbali sana kwa kuwa hewa haizimezi upesi. Mlima wa moto wa Krakatau ulipolipuka mwezi wa Agosti mwaka 1883, kishindo chake kilisikika kwa masikio katika kisiwa cha Rodrigues, umbali wa karibu kilomita 4,800 kuvuka Bahari ya Hindi. Mtu aliyekuwako huko alidhani ni mizinga ya meli. Mlima wa Tonga ulipolipuka chini ya bahari tarehe 15 Januari 2022, wimbi lake la hewa liliizunguka dunia zaidi ya mara moja. Katika vituo 60 vilivyopangwa na ule mkataba wa nyukilia kwa ajili ya kusikiliza sauti za namna hii, kimoja ni cha Nairobi.

Tembo walikuwa na elimu hiyo zamani sana kabla ya wanadamu. Mwaka 1984 mtafiti Katy Payne, akiwa karibu na tembo waliofungwa huko Marekani, alihisi hewa ikitetema kifuani mwake ingawa hakusikia kitu. Baadaye yeye na Joyce Poole walichunguza tembo wa Amboseli, na ikabainika kwamba wanyama hao huitana kwa sauti nzito zinazofika kilomita kadhaa. Mwaka 2024 watafiti waliochunguza sauti za tembo wa Amboseli na Samburu walitoa habari kwamba tembo huonekana kuitana kila mmoja kwa mwito wake, mfano wa jina.

Elimu hii imeleta faida hata kwa mkulima. Iligunduliwa nchini Kenya kwamba tembo wasikiapo mvumo wa nyuki huondoka. Kutokana na hayo, huko Sagalla karibu na Tsavo, wakulima walizungushia mashamba yao mizinga iliyofungwa kwa waya. Tembo agusapo waya, mizinga hutikisika na nyuki hutoka. Mahindi husalimika, tembo hapigwi mshale, na mkulima hupata asali juu yake.

Lakini elimu ya kusikiliza ina mipaka yake, na haifai kuficha jambo hilo. Tarehe 22 Mei 2021 mlima Nyiragongo ulifumuka karibu na mji wa Goma, mashariki ya Kongo. Uchunguzi uliofanywa baadaye ulionyesha kwamba dalili za wazi zilitokea muda wa dakika 40 tu kabla ya moto kutoka. Hata hivyo, katika siku zilizofuata, mitetemeko iliyopimwa ilionyesha jinsi miamba iliyoyeyuka ilivyokuwa ikipita chini ya mji kuelekea ziwa Kivu, na kwa ajili hiyo watu wa sehemu kubwa ya mji waliamriwa kuhama. Mlinzi hawezi kuahidi kwamba atamwona kila mwizi. Lakini nyumba isiyo na mlinzi haina hata hizo dakika 40.

SIKIO LENYEWE

Baada ya kutaja milima na mabomu, hapana budi kurudi kwenye chombo kilicho kidogo kupita vyote. Ndani kabisa ya sikio mna vinyweleo vidogo mno, navyo ndivyo vipokeavyo mtetemo na kuupeleka kwenye ubongo. Mtoto huzaliwa navyo vyote atakavyokuwa navyo maisha yake. Vikifa, havioti tena.

Kelele hupimwa kwa desibeli. Shirika la Afya Duniani linashauri kwamba mtu mzima asisikilize sauti ya desibeli 80 kwa zaidi ya saa 40 kwa wiki. Kila desibeli 3 zikiongezeka, nguvu ya sauti huwa maradufu, na muda wa salama hupungua kwa nusu. Ikifika desibeli 90, muda huo ni saa 4 tu kwa wiki. Na ikifika 100, ni dakika kama 20. Basi utingo wa matatu afanyaye kazi kutwa kando ya spika kubwa, na kijana azibaye masikio kwa vidude vya muziki kutoka Kimbo mpaka Nairobi, na wafanye hesabu hiyo wenyewe.

Sheria za Kenya zimekwisha litazama jambo hili. Kanuni za mwaka 2005 zinakataza mfanyakazi wa kiwandani kuwekwa kwenye kelele ipitayo desibeli 90 kwa zaidi ya saa 8 katika muda wa saa 24. Mji wa Thika ni mji wa viwanda, na wako wazee waliostaafu baada ya miaka mingi ya kusimama kando ya mitambo, ambao leo wajukuu zao hulazimika kuwapigia kelele ili wapate kusikia salamu. Mzee wa namna hiyo hukaa kimya katika baraza, si kwa kuwa hana la kusema, bali kwa kuwa hakusikia lililosemwa. Huo ni upweke ambao ungezuiwa kwa vizibo vya masikio vya bei ndogo.

Mwaka 2009 zilitolewa kanuni nyingine juu ya kelele na mitetemo iliyozidi. Katika mitaa ya makazi, kelele za nje hazipaswi kupita desibeli 50 mchana, wala 35 kuanzia saa mbili za usiku mpaka saa kumi na mbili za asubuhi. Mtetemo nao hautakiwi kupita nusu sentimita kwa sekunde nje ya mpaka wa mahali unapotoka. Kanuni hizo haziulizi kama kelele ni ya baa, ya kanisa, ya msikiti, ya kinu cha kusaga unga au ya arusi. Mtoto aliyelala hajui tofauti, na mwanafunzi asomaye kwa mtihani hajui tofauti. Jirani mwema hangoji askari aje na chombo cha kupimia. Huuliza kwanza kwa jirani yake, naye hupunguza.

NANI ATAKAYESOMA MAANDISHI?

Limebaki neno moja, nalo ndilo zito kuliko yote. Kila siku mlima Kilimambogo huandika. Maandishi yake huenda Ujerumani, Marekani na Austria, na wataalamu wa huko huyasoma. Wako wasomi wa Kenya wayasomao pia, nao wanastahili heshima. Lakini ni wachache wakilinganishwa na kazi iliyopo. Mlima uko karibu, na wasomaji wako mbali. Wazee waliposema kwamba penye miti hapana wajenzi, walisema juu ya hali kama hii.

Haifai kuwa hivyo daima, na mfano wake uko hapa hapa. Kwa miaka mingi wakulima wa kahawa walisumbuliwa na ugonjwa wa chule uozeshao matunda mtini. Jibu halikutoka ng'ambo. Mwaka 1985 kituo cha utafiti wa kahawa kilichoko Ruiru kilitoa mbegu iitwayo Ruiru 11, yenye nguvu ya kuukinga ugonjwa huo, na jina la mji mdogo likajulikana katika nchi zote zilimazo kahawa. Kilichofanywa kwa mti chaweza kufanywa kwa mwamba na kwa hewa.

Kijana wa Kimbo apendaye hesabu na fizikia hana haja ya kungoja chuo kile cha kufikirika kijengwe. Chuo Kikuu cha Jomo Kenyatta kiko Juja, jirani naye. Chuo Kikuu cha Nairobi, chenye idara itunzayo kituo cha mlimani, ni safari ya matatu moja. Kuna kazi ya kupima udongo kabla ya ghorofa kujengwa, kazi ya kupima kelele za viwanda, kazi ya kuwachunguza watoto masikio yao kabla ya kuitwa wajinga darasani kumbe hawasikii. Kazi hizo zataka mikono na akili, na nchi inazihitaji.

Wazazi nao wana sehemu yao. Mtoto agongaye sufuria jikoni ili kusikia jinsi kila moja ilivyo na sauti yake, asifukuzwe kila mara kwa kuambiwa anapiga kelele. Mara moja moja na aulizwe: kwa nini hii inalia hivi, na ile inalia vile? Akishindwa kujibu, atakuwa amepata swali. Na swali likimshika mtoto barabara, aweza kukua nalo mpaka likamfikisha mlimani.

Yule mama wa sokoni alikigonga chungu chake kabla ya kutoa fedha, wala hakungoja kifike nyumbani na kumwaga uji motoni. Nchi nayo yafaa kugongwa na kusikilizwa kabla ya mizigo mikubwa kuwekwa juu yake. Sikio limekwisha tegwa kule Kilimambogo. Wanaongojwa sasa ni watu wa kulielewa lisikialo.